Nipo, Nkubwa

Kuna filamu moja ambayo hata nikiona flashi yake kwenye sanduku la makorokoro, mate yananijaa kinywani, yale mate ya mtu anayetaka kutapika. Si kwamba ni filamu mbaya. Nadhani ni nzuri kuliko zote nilizowahi kushikia maiki. Mbaya ni mimi, na mwanamume mmoja wa Shangani mwenye mbwa, na pilau niliyoila.

Mjomba wangu ana kibanda umiza Rahaleo, huku kwetu kusini: bati juu, bati pembeni, mabenchi yasiyo na mgongo, runinga kubwa ukutani na spika mbili zinazokoroma. Siku za mechi watu wanakanyagana. Filamu ni za mchana, kwa madereva wa bajaji wanaokimbia jua na wapakuzi wa bandarini waliotoka zamu. Kwa kuwa filamu zenyewe zinasema lugha za watu, lazima akae mtu kando ya runinga na maiki aseme kila neno kwa Kiswahili. Kwa miaka minne mtu huyo nilikuwa mimi. Walikuja wengine kwa ajili ya kushangaa tu kwamba mwanamke ndiye anayepiga mayowe ya majambazi kumi.

Niseme ukweli sasa, maana zamani sikuusema. Nilikuwa sitafsiri, nilikuwa natunga. Kiingereza changu ni cha kidato cha nne, tena cha kusukumwa, na nusu ya filamu zile hazikuwa za Kiingereza. Mtu akifungua mdomo kwenye runinga, mimi namtia maneno. Akiufunga, nanyamaza. Watu walicheka, mjomba akaridhika, na hakuna aliyewahi kuuliza.

Filamu hii ilikuja kwenye flashi pamoja na nyingine za ngumi. Haina rangi. Nchi ni ya theluji, lugha sikuitambua mpaka leo. Ni habari ya askari mmoja fukara, mwembamba, masikio makubwa. Kapteni wake akitaka kupanda farasi, askari anainama, kapteni anamkanyaga mgongoni kama ngazi. Mke wa askari anaumwa. Anauza buti zake apate dawa, kisha anasimamishwa pekupeku kwenye theluji kwa kosa la kupoteza mali ya jeshi. Kuna karamu, kapteni anamsimamisha na bakuli la supu kichwani awaonyeshe wageni jinsi askari wake asivyotikisika, na wageni wanamtupia vipande vya mkate waone kama atatikisika. Mwisho mke anakufa. Askari anavua sare, anaikunja vizuri, anaweka kofia juu yake, anatoka nje na nguo za ndani tu. Kamera haimfuati. Inabaki inatazama sare.

Niliitazama peke yangu kwanza, kama kawaida yangu. Kinyaa kilinipanda, hasa ile karamu, ile midomo ya wageni inayotafuna huku inacheka. Nikamwambia mjomba tuifute.

"Watu wanalipa kiingilio wacheke," akasema. "Wewe si mtani? Wachekeshe."

Basi nikaanza kumtafutia yule askari sauti.

Hapo ndipo palipo kosa langu, na nitaeleza, kwa sababu asiye wa kwetu anaweza asilione. Upande wa mama yangu ukoo wetu una watani wake, tangu huko vijijini tulikotoka. Watani tunatukanana, tunanyang'anyana kofia, naweza kuingia kwa mtani wangu nikaondoka na kuku wake na asiseme kitu. Mtani akifa, sisi ndio tunaokwenda kuchangamsha msiba. Unavaa shati la marehemu, unashika fimbo yake, unatembea alivyotembea, unakohoa alivyokohoa, na wafiwa wanacheka machozi yakiwatoka. Bibi yangu alikuwa bingwa wa kazi hiyo, akanirithisha mimi. Akanifundisha na mpaka wake: mtu aliye hai mtanie utakavyo, lakini usimwige. Sauti yake na mwendo wake ni vyake mpaka atakapoviacha.

Sasa nilikuwa na mtani mmoja, mlinzi wa nyumba kubwa Shangani. Mtu wa makamo, mrefu, aliwahi kuwa mgambo, na magwanda yake ya mgambo ndiyo aliyolindia, kwa sababu bosi hakumpa sare nyingine. Jioni nikienda kupunga upepo kule nilikuwa nampitia, namwita mla panya, ananiita mchawi, tunacheka. Lakini gari la bosi likipiga honi, mtani wangu anageuka mtu mwingine. Mgongo unapinda, shingo inaingia mabegani, visigino vinagongana, na sauti inamtoka nyembamba kama ya mtu aliyebanwa mlango: "Nipo, nkubwa!" Nkubwa, kwa ile n yetu ya huku. Bosi, ambaye ni mkandarasi na ana tumbo la kikandarasi, anateremka, ananyoosha mguu mmoja, na mtani wangu anachutama kufuta vumbi kwenye kiatu. Halafu mguu wa pili. Halafu analetewa mbwa.

Mbwa huyo alikuwa mdogo, mweupe, mwenye nywele machoni. Mchanga wa Shangani ukiwa wa moto, bosi hakutaka mbwa aungue nyayo, kwa hiyo mlinzi alimbeba kifuani. Mbwa anamlamba shingo, anamlamba mkono. Mtani wangu ni mtu wa swala tano. Kila siku kabla ya swala nilimkuta bombani akijitoharisha, mara saba, mara moja kwa udongo, anahesabu kwa midomo. Bosi alijua. Bosi mwenyewe aliwahi kuniambia, anacheka, "Huyu mlinzi wangu atamaliza udongo wa kiwanja."

Na mimi niliyeyaona hayo yote, niliyekereka nayo, ndiye niliyeichukua sauti ile nikampa askari wa filamu. Sikufikiri hata dakika tano. Kapteni akimkanyaga mgongoni: "Nipo, nkubwa!" Akisimama kwenye theluji: "Nipo, nkubwa, baridi tamu, nkubwa!" Banda lilitikisika. Watu wakarudi kesho yake na wenzao. Waliopita Shangani waliitambua sauti mara moja, na wasiopita wakaambiwa. Ikafika mahali bodaboda wakipita pale getini wanagonga visigino kwenye pedeli na kupiga kelele ile. Nami kichwa kikavimba. Sifa hulevya, na mimi nilikuwa nimelewa chakari.

Jumapili moja alasiri akaja mwenyewe bandani. Alikuwa na kanzu, akakaa benchi la nyuma. Watu wakawa wanageuka kumtazama kila askari akisema. Mimi nilimwona. Ningeweza kubadilisha sauti, maiki ilikuwa mkononi mwangu. Sikubadilisha, maana watu walikuwa wanaipenda. Ilipokwisha akangoja wote watoke, akanijia.

"Ntani, yule askari anasema nini hasa?"

"Nani ajuaye? Lugha ya watu ile."

"Mbona wewe unamfanya anakubali tu?" Hakuwa na hasira, alikuwa kama anayeuliza njia. "Mimi nimemtazama mdomo. Pale kwenye theluji, hakusema ndiyo yule. Alisema kitu kingine."

Nikamwambia aache uchawi, akacheka kidogo kwa ajili ya utani, akaondoka. Siku hiyo ilinikera jinsi alivyokuwa sahihi. Nilirudia kipande kile peke yangu, mara tatu, bila sauti. Kweli mdomo ule haukuwa mdomo wa kukubali. Kesho yake nikashika maiki nikasema yale yale.

Mwezi wa sita ulipokaribia, bosi akamtuma dereva kuniita. Alikuwa na sherehe ya kutimiza miaka sitini, Jumamosi mchana, na alisikia kuhusu mlinzi wake kuwa nyota wa filamu. Alitaka nipeleke filamu, yeye aweke runinga barazani, nifanye ile sauti mbele ya wageni. Alitaja kiasi, kikanishtua, lakini nikijitetea kwa njaa nitakuwa nimedanganya. Sikuwa na njaa. Nilichotaka ni Shangani wanione.

Jioni ileile mtani akanifuata Rahaleo kwa miguu. Alikaa kwenye ndoo niliyoipindua mlangoni, akakataa chai.

"Mwanangu anatoka mwali," akasema. "Jumamosi hiyohiyo."

Binti yake mkubwa alikuwa ndani, kwa makungwi, kijijini kwao karibu na Ruvuma inapoingia baharini. Siku ya kutoka baba anatakiwa awepo. Baba ndiye anayemkabidhi mwali kanga mpya mbele ya watu. Kanga alikwisha kuinunua, alinionyesha, ilikuwa ndani ya mfuko wa nailoni, bado ina gundi ya dukani.

"Nimeomba ruhusa tangu mfungo. Bosi anasema siku hiyo ananitaka, kuna mchezo. Mchezo wenyewe ni wewe na mimi, ntani. Niwe nimesimama pale kando ya runinga." Akatazama mikono yake. "Usipokuja wewe hakuna mchezo. Ataniachia. Nakuomba kwa utani wetu, sema unaumwa."

Nikamwambia nitaona.

Nitaona ni neno la kishenzi. Anayelisema anajua jibu, anayelisikia analibeba kama ahadi. Alinishukuru. Alinishukuru, akaondoka na mfuko wake wa nailoni, na mimi nikaingia ndani kuchagua gauni.

Sherehe ilianza saa nane. Barazani kulikuwa na hewa ya marashi na nyama ya kuchoma, wageni wenye suti za kitenge, wake zao, meza yenye keki ya umbo la greda. Nilipoingia getini yeye ndiye aliyenifungulia. Aliniona na flashi mkononi. Alifungua geti lote, mpaka mwisho, kama linavyofunguliwa kwa gari.

Walimsimamisha kando ya runinga na magwanda yake, buti zimepakwa rangi. Mimi nikapewa kiti na maiki yenye kung'aa. Sijui nielezeje saa ile moja bila kujipunguzia uchafu. Askari kwenye runinga akiinama, mimi nasema "Nipo, nkubwa!", na bosi ananyoosha kidole, na mtani wangu anagonga visigino. Wakagundua wenyewe kwamba inafurahisha zaidi kama na yeye atasema, kwa hiyo tukawa tunasema pamoja, sauti yangu na sauti yake, na mgeni mmoja mwanamke alicheka mpaka akashika mbavu akauliza, "Nani anamwiga nani?" Ilipofika karamu ya supu, wageni wa filamu wakawa wanatupa mkate, na wageni wa barazani wakaanza kutupa sambusa. Naapa sikuwa nimewafundisha. Ilitoka tu mikononi mwao, huku wanatafuna. Sambusa moja ikamgonga kifuani ikapasuka, nyama ikateleza kwenye vifungo. Hakutikisika. Walipiga makofi kwa sababu hakutikisika.

Kisha bosi akasema mchezo haujakamilika, akaenda akamchukua mbwa, akamtia mikononi mwa mtani wangu. "Kapteni huyo," akasema. Mbwa akaona nyama kwenye vifungo, akaanza kumlamba kifua, shingo, kidevu. Wanaume wazima, wenye alama ya sijda kwenye vipaji vya nyuso, walikuwa wanafuta machozi ya kicheko. Adhana ya alasiri ilikuwa inasikika upande wa mjini. Mtani wangu alikuwa ananitazama mimi, si wao.

Nami nikasema, kwenye maiki, "Nipo, nkubwa."

Nilipotoka nilimkuta bombani, nyuma ya ukuta. Alikuwa anasugua udongo shingoni, kidevuni, mpaka ngozi imechubuka. Nilikuwa nimebeba pilau niliyofungiwa kwenye mfuko, ina moto, inanichoma mkono. Nilitaka kumwambia kitu cha kitani, nimwite mla panya. Akamaliza kuhesabu kwanza.

"Ntani," akasema, "mimi nimekufa lini?"

Nikahamishia mfuko wa pilau mkono wa pili.

"Niambie tu. Wewe ndiye unayejua. Ntani hamwigi mtu mpaka afe. Nimekufa lini, mbona sikuambiwa?"

Ningependa kuandika kwamba niliimwaga ile pilau. Sikuimwaga. Niliila nyumbani, yote, nimesimama, na ilikuwa tamu.

Baada ya wiki tatu hivi aliacha kazi, au aliachishwa, watu walisema yote mawili. Akarudi kwao. Mimi niliendelea na maiki mpaka siku moja mjomba akaniambia sauti yangu imekauka, watu hawacheki. Ilikuwa kweli. Kila nilipomfungua mtu mdomo pale kwenye runinga, nilikuwa najiuliza anasema nini hasa.

Habari ilikuja mwanzoni mwa mvua. Mtani ameugua homa siku nne, amefariki, anazikwa leo, watani mje. Mama yangu miguu ilikuwa imemvimba, ndugu zangu wako mbali. Nikapanda bodaboda, njia ya mikorosho na mashamba ya mihogo, mpaka kijijini. Njia nzima nilikuwa nasema moyoni kwamba nitatengeneza nilipoharibu. Nitamwiga vizuri kuliko nilivyowahi kumwiga mtu, pale panaporuhusiwa, mbele ya wanaomlilia, na mkosi wa kumwiga akiwa hai utaondoka.

Wanawake walikuwa wamekaa kwenye mikeka uani. Mke wake nilimjua kwa jinsi wengine walivyomzunguka. Kando yake alikaa msichana mwenye macho ya baba yake, amejifunga kanga ambayo niliwahi kuiona kwenye mfuko wa nailoni. Walinipokea kwa furaha ya msibani, ile ya kumwona mtani amefika. Bibi mmoja akaingia ndani akaniletea nguo za marehemu. Magwanda yale. Yamefuliwa, yamekunjwa vizuri, kofia imewekwa juu yake.

Nikavaa. Yalikuwa marefu, nikakunja mikono. Nikapinda mgongo, nikaingiza shingo mabegani, nikakata uwanja kwa zile hatua zake za getini. Nikagonga visigino.

"Nipo, nkubwa!"

Hakucheka mtu. Nikadhani hawakusikia, vilio vilikuwa vingi. Nikarudia kwa nguvu. Nikachutama nikafuta kiatu kisichokuwepo. "Nipo, nkubwa! Nipo!" Wanawake walikuwa wanatazamana, kama watu waliofika kwenye msiba wakakuta si wa kwao.

Mke wake akaniangalia kwa upole, hilo ndilo siwezi kulisamehe, upole ule.

"Ntani," akasema, "huyo ni nani?"

"Ni yeye," nikasema.

"Aa." Akatikisa kichwa, akawageukia wenzake, nao wakatikisa vichwa. "Baba yake huyu akiingia uwanjani na ngoma, hata wagonjwa walikuwa wanaamka. Akiita kutoka shambani, tunamsikia huku jikoni. Hata huyo nkubwa simjui ni nani. Labda umechanganya, ntani, wewe watani wako ni wengi. Huyo hatumjui." Akaiweka sawa kanga begani kwa binti yake. "Haya, tulia kwanza, upumue. Halafu mwige baba yake."

Wakasogeza mikeka wanipe nafasi. Wakaningoja. Binti alikuwa amenyoosha shingo anione vizuri, na mimi nimesimama katikati ya uwanja na nguo za baba yake mwilini, sina sauti yake nyingine.